Msimfukuze Mama wa Mtoto

Mwaka uliopita mama mmoja alifika hospitali yetu kwa miguu, mtoto wake mgongoni. Mtoto alikuwa na miaka 2. Macho yake yalikuwa ya manjano, mikono yake imevimba, naye alikuwa amepungukiwa sana na damu. Tulimtia damu usiku ule ule. Asubuhi tukamwuliza mama: «Baba wa mtoto yuko wapi?» Akanyamaza. Mwishoni alisema ya kuwa watu wa ukoo wa mume wake walikuwa wamemrudisha kwao. Mtoto wake wa kwanza alikufa, wa pili ni mzima, wa tatu ndiye huyu. Mama mkwe alisema: «Tumbo lako ndilo linaloua watoto wetu.»

Nataka kusema juu ya jambo hili waziwazi, kwa sababu watu waliomfukuza si watu wasiosali. Ni watu wa kanisa. Wanakuja ibada kila juma. Nami nasema ya kuwa walimhukumu mwanamke kwa neno lisilo kweli, na damu yenyewe inashuhudia.

Ugonjwa wa mtoto huyu ni drepanositozi, ambao wengi wanauita SS. Katika damu yetu mna chembe nyekundu ndogo sana zinazobeba hewa na kuipeleka katika mwili wote. Chembe nzima ni ya mviringo, tena ni laini, inapita hata katika mishipa myembamba kama uzi. Chembe ya mgonjwa wa SS inajikunja kama mundu, inakuwa ngumu, inaziba njia. Ndipo mtoto analia kwa maumivu ya mifupa. Tena chembe nzima inaishi siku 120 hivi, lakini ile iliyojikunja inaishi siku 10 mpaka 20 tu. Mwili unatengeneza damu mpya mchana na usiku, haufikii. Monganga Herrick wa Chicago aliandika habari za chembe hizi mwaka 1910, alipoziona katika damu ya mwanafunzi mmoja aliyetoka kisiwa cha Grenada. Lakini kwetu Kongo ugonjwa ulikuwako zamani kabla ya hapo. Hata leo, katika watoto 100 wanaozaliwa katika inchi hii, mmoja au wawili wanazaliwa nao.

Unatoka wapi? Hapa ndipo naomba msome polepole.

Mtoto anapoanza tumboni, anapokea maagizo ya kujenga mwili wake mara mbili: fungu moja kwa baba, fungu moja kwa mama. Ndiyo maana mnasema: «Huyu ana pua ya babu yake, lakini vidole ni vya mama.» Agizo la kutengeneza damu nyekundu linakuja vilevile, moja kwa baba na moja kwa mama. Agizo zuri linaitwa A. Agizo lenye kosa linaitwa S. Mtu mwenye A mbili ni AA. Mwenye A moja na S moja ni AS. Huyu si mgonjwa, analima, anazaa, anazeeka, na mara nyingi hajui kitu. Mwenye S mbili ni SS, naye ndiye mgonjwa. Mwaka 1949 wachunguzi wawili walionyesha jambo hili, kila mmoja kwa kazi yake: Neel kule Marekani, na Beet aliyepima familia za Rodezia ya Kaskazini, jirani yetu anayeitwa leo Zambia.

Kama hamnielewi, chukueni vikapu viwili, kimoja cha baba, kimoja cha mama. Katika kila kikapu tieni punje mbili za maharagi, moja nyeupe na nyingine nyekundu. Hawa ni mume na mke, wote wawili AS. Sasa fumba macho, toa punje moja katika kila kikapu. Zikitoka nyeupe mbili, mtoto ni AA. Ikitoka nyeupe na nyekundu, ni AS. Zikitoka nyekundu mbili, mtoto ni SS. Kisha rudisha punje vikapuni, maana mimba nyingine inaanza tena na vikapu vilevile. Fanyeni hivi mara nyingi jioni pamoja na watoto wenu, mkiandika kila mara. Mtaona ya kuwa nyekundu mbili zinatoka mara moja hivi katika kila mara nne.

Lakini angalieni, watu wengi wanakosea hapa, hata wale waliosoma. Wanasikia «mmoja katika wanne», wanafikiri ni hesabu ya zamu: wa kwanza akigonjwa, basi watatu wanaofuata watakuwa wazima. Hapana. Kikapu hakikumbuki kilichotoka jana. Kila mimba ina hatari ile ile. Nimeona jamaa yenye watoto watatu wa SS wakifuatana. Na kinyume chake kipo pia: katika jamaa 100 za AS na AS zenye watoto wanne wanne, jamaa 32 hivi hazitapata hata mtoto mmoja wa SS. Kwa hiyo mtu asijisifu akisema: «Katika ukoo wetu ugonjwa huu haupo, tazama watoto wangu.» Labda kikapu chake kina punje nyekundu, naye hajui.

Basi mrudieni yule mama. Mtoto wake ana nyekundu mbili. Moja ilitoka katika kikapu cha mama. Na ya pili? Hakuna mahali pengine ilipoweza kutoka ila katika kikapu cha baba. Ukoo uliomfukuza ulitoa nusu ya ugonjwa, sawasawa kabisa na nusu ya mama, bila kupungua. Wakimletea kijana wao mke mwingine, naye akiwa AS, yatatokea yale yale, na mwanamke wa pili atafukuzwa kama wa kwanza. (Na wale wanaofukuza mke kwa sababu anazaa wasichana tu, kosa lao ni kubwa zaidi, maana katika jambo la msichana au mvulana ni mbegu ya baba inayoamua. Lakini nitaandika juu ya hayo siku nyingine.)

Wengine wananijibu: «Mtoto alizaliwa mzima, tulimwona kwa macho yetu. Alianza kugonjwa shangazi alipokuja kutembea. Kama ugonjwa unatoka kwa wazazi, mbona haukuonekana siku ya kwanza?» Ni swali la haki. Jibu ni hili. Mtoto tumboni ana damu ya namna nyingine, inayotengenezwa kwa agizo lingine lisilo na kosa hili. Akizaliwa bado anayo, nayo inamlinda. Inapungua polepole miezi ya kwanza, na damu ya agizo la S inachukua nafasi yake. Kwa hiyo ugonjwa unaanza kuonekana karibu na mwezi wa 6, mara nyingi kwa kuvimba mikono na miguu. Shangazi angekuja au asingekuja, ungeonekana. Ni wanawake wangapi wameitwa walozi kwa sababu walifika kumsalimu mtoto katika mwezi huo?

Mbona agizo hili baya ni jingi hivi katika inchi yetu? Sababu ni malaria. Mwaka 1954 monganga Allison, aliyefanya kazi yake Afrika ya Mashariki, alionyesha ya kuwa mtoto wa AS anashindana na malaria kuliko mtoto wa AA. Mahali penye mbu wengi, watoto wa AS waliokoka, wakakua, wakazaa. Basi mtu wa AS asione haya. Labda babu zake waliishi kwa sababu ya punje hiyo nyekundu.

Sasa juu ya arusi. Makanisa mengi yanataka vijana walete karatasi ya damu kabla ya kufungwa arusi. Ni vizuri. Lakini nina neno. Kanisa moja ninalolijua liliuliza karatasi juma moja kabla ya arusi. Mali ilikuwa imekwisha kutolewa, mbuzi walikuwa wamefungwa nyuma ya nyumba, nguo zimeshonwa. Wote wawili walikuwa AS. Mchungaji afanye nini siku hiyo? Na vijana? Mimi naona ya kuwa kijana apimwe angali shuleni au katika mafundisho ya ubatizo, kabla moyo wake haujaenda kwa mtu. Hapo anaweza kuuliza bila kulia.

AS akioana na AA, hawatazaa mtoto wa SS. Wasizuiwe na mtu. AS na AS wakipendana, siungani na wale wanaosema kanisa liwafungie mlango. Kazi yetu ni kuwaambia kweli yote, pamoja na vikapu viwili, na kuwaacha waamue. Binti yangu akiniuliza, nitamwambia atafute mwingine, maana nimekaa usiku mwingi karibu na vitanda vya watoto hawa. Lakini akikataa shauri langu, ni mtoto wangu bado.

Tena muwe na akili juu ya karatasi. Wengi wananionyesha kadi iliyoandikwa «Groupe A» wakidhani ni AA. Sivyo. Ile ni aina ya damu ya kutiana, ni jambo lingine kabisa. Na kipimo cha Emmel, ambacho hospitali ndogo nyingi zinacho, kinaonyesha tu ya kuwa S iko. Hakitenganishi AS na SS. Ombeni elektroforesi, au kile kipimo kipya cha tone la damu kinachojibu katika dakika chache.

Na mtoto wa SS msimhesabu kuwa amekwisha kufa. Anywe maji mengi, alale katika chandarua, apate chanjo zote, apewe penisilini tangu mdogo na asidi ya foliki. Akiwa na homa, asingoje asubuhi, aletwe hospitali. Kuna dawa inayoitwa hidroksiurea. Ilijaribiwa kwa watoto wa Angola, Kongo, Kenya na Uganda, na matokeo yaliyotangazwa mwaka 2019 yalionyesha ya kuwa maumivu yalipungua, malaria ilipungua, na vifo vilipungua. Bei yake bado inalemea watu wengi, na hilo serikali na makanisa wasaidiane.

Yule mama alikaa kwetu siku 9. Siku ya 6 mume wake alifika, peke yake, bila kuwaambia wakubwa wake. Tuliwapima wote wawili. Karatasi ya mama ilisema AS. Karatasi ya baba ilisema AS. Nilimpa vikapu na maharagi, akatoa punje mwenyewe, akafanya hivyo muda mrefu bila kusema kitu. Kisha akaniuliza kama ninaweza kumwandikia karatasi yake mara ya pili, apate moja ya kumpelekea mama yake.