Marufuku Si Matangazo ya Bure

Kuna sentensi moja ambayo wasanii wa Nairobi hupeana kama pole ya msibani: "Usijali, marufuku ni matangazo ya bure." Filamu ikizuiwa, inasemwa. Kitabu kikitolewa kwenye rafu, inasemwa. Inasemwa na watu wetu, si na wapinzani, na ndiyo maana inaniudhi. Ni uongo. Na wanaoulipia ni watoto na wachoraji ambao majina yao hatutawahi kuyasikia.

Mfano unaopendwa sana ni wa Maia Kobabe, kwa hivyo tuanze naye.

Kobabe ni mchora vibonzo kutoka California, Marekani. Utotoni alichelewa kusoma, akaja kujua akiwa na miaka 11. Baadaye akafanya kazi kwenye maktaba zaidi ya miaka kumi, akasomea uchoraji wa vibonzo hadi shahada ya uzamili, kisha akaanza kuweka Instagram michoro mifupi ya rangi nyeusi na nyeupe kuhusu jambo lililomshinda kuwaeleza watu wa familia yake: kwamba hajioni kuwa mwanamke wala mwanamume. Michoro hiyo ikawa kitabu, Gender Queer. Dadake akakitia rangi. Kikatoka Mei 2019, chapa ya kwanza nakala 5,000 tu.

Tusimame hapo kidogo, kwa sababu Kiswahili kina la kusema. Kwa Kiingereza, Kobabe hutumia viwakilishi e, em na eir, maana lugha hiyo haiwezi kumtaja mtu bila kumkagua kwanza. Watu wanavikasirikia viwakilishi hivyo kana kwamba wameibiwa simu. Mimi nimemaliza aya nzima kumhusu bila kukosea hata mara moja, na wala sikujaribu. Yeye ni yeye. Sisemi kwamba Kiswahili kinamtetea mtu. Neno shoga, ambalo wanawake wa Pwani waliitana kwa upendo, tumeligeuza tusi. Nasema tu kwamba wanaorudia kila siku kuwa mambo haya "si ya kwetu" wanayasema kwa lugha ambayo sarufi yake haijawahi kuuliza.

Turudi kwa kitabu. Mwaka wa 2020 Chama cha Maktaba cha Marekani kilikipa tuzo ya Alex, tuzo ya vitabu vya watu wazima vinavyowafaa pia vijana. Mwaka uliofuata mambo yakageuka. Septemba 2021, kwenye mkutano wa bodi ya shule katika kaunti ya Fairfax, jimbo la Virginia, kurasa chache zikainuliwa juu kama ushahidi wa uhalifu. Kitabu kikaondolewa, kikakaguliwa, na Novemba kikarudishwa, lakini moto ulikuwa umeshaenea. Katika mwaka mmoja wa masomo, 2021 hadi 2022, shirika la PEN America lilihesabu wilaya 41 za shule zilizokipiga marufuku. Kule Virginia Beach wanasiasa wakaenda mahakamani kitangazwe kuwa kichafu kisheria. Agosti 2022 jaji akaitupa kesi. Chama kile kile cha maktaba kikakitaja kuwa kitabu kilicholalamikiwa zaidi nchini humo mwaka 2021, 2022 na 2023. Mtu aliyetumia zaidi ya miaka kumi akihudumia maktaba akawa na kitabu kinachofukuzwa maktabani kuliko vyote.

Na ndiyo, mauzo yalipanda. Hapo wenzangu hupiga makofi na kufunga mjadala. Unaona? Matangazo ya bure.

Sasa niulize: ni nani aliyenunua?

Ni watu wazima wenye kadi za benki, waliosoma habari wakakasirika. Wamefanya vizuri. Lakini hawakuwa wao waliokihitaji. Aliyekihitaji ni kijana wa miaka 16 kwenye mji mdogo, asiye na pesa, asiyeweza kuagiza kifurushi nyumbani kwa sababu mamake ndiye anayefungua vifurushi. Kijana huyo alikuwa na mahali pamoja tu pa kukisoma: kona ya maktaba ya shule, dakika ishirini za mapumziko, bila kuulizwa na mtu. Marufuku ya maktaba inamlenga huyo moja kwa moja na inampata. Nakala mpya zikiuzwa New York, yeye hazimfikii.

Wacha nijibu mapema. Utaniambia kitabu kina kurasa zinazochora ngono. Kinazo, chache. Kobabe mwenyewe alisema alikiandika kwa vijana wakubwa na watu wazima, na hakuna anayeomba kiwekwe kwenye darasa la PP2. Mzazi ana haki ya kumchagulia mtoto wake. Asichokuwa nacho ni haki ya kumchagulia mtoto wa jirani, halafu wa mtaa, halafu wa kaunti nzima.

Kuna hasara ya pili, nayo inahusu kazi yenyewe ya mchoraji. Mchora vibonzo wa vijana hali kwa sababu watoto wanampenda. Watoto hawana doo. Anakula kwa sababu walimu, wazazi na wakutubi wananunua. Sasa fikiria mkutubi mmoja aliyeona mwenzake akitukanwa mkutanoni kwa sababu ya Gender Queer. Mwezi ujao anaagiza vitabu vipya. Anakutana na kibonzo kingine cha mambo ya LGBTQ, cha mchoraji asiyejulikana, kitabu chake cha kwanza. Hakipigi marufuku. Anaruka tu mstari. Hakuna kikao, hakuna kichwa cha habari, hakuna mtu wa kukasirika na kununua nakala. Mchoraji anaambiwa kitabu "hakikufanya vizuri", na kile cha pili hakichapishwi.

Hata aliyeshinda analipa. Ukurasa mmoja wa vibonzo unaweza kula siku kadhaa. Kitabu cha Breathe, ambacho Kobabe alitunga na mwenzake, kilitoka 2024, miaka mitano baada ya kile cha kwanza. Sisemi marufuku ndiyo iliyokichelewesha. Vibonzo ni kazi ya polepole. Lakini kila saa ya kueleza upya kitabu ulichokimaliza zamani ni saa ambayo kalamu imelala mezani.

Tukija nyumbani, hesabu inakuwa mbaya zaidi. Juni 2017 bodi ya filamu ya Kenya, KFCB, ilitangaza kupiga marufuku vibonzo sita vya watoto kwenye televisheni, kikiwemo The Legend of Korra, Adventure Time na Steven Universe, ikidai vinatukuza mapenzi ya jinsia moja. Tulicheka. Tukatengeneza mimi. Mwaka uliofuata ikaja zamu ya Rafiki ya Wanuri Kahiu, filamu ya kwanza ya Kenya kuonyeshwa Cannes. Septemba 2018 mahakama iliruhusu ionyeshwe siku saba, kwa watu wazima pekee, na kumbi zikajaa. Bado tunazisimulia siku hizo saba kama ushindi. Lakini msichana wa kidato cha tatu aliye kama Kena au Ziki hakuruhusiwa hata kwenye hizo saba, na ya nane mlango ulifungwa kwa wote.

Na usiniambie vijana wetu hawasomi vibonzo. Shujaaz ilianza 2010, kwa Sheng, ikigawiwa bure ndani ya gazeti na kwenye vibanda vya M-Pesa, na 2012 ikashinda tuzo ya kimataifa ya Emmy. Wasomaji wapo. Wachoraji wapo. Kisichokuwepo ni njia. Shule hununua vitabu vilivyoidhinishwa na KICD. Vifungu vya 162 na 165 vya sheria ya makosa ya jinai bado vipo. Mahakama Kuu ilikataa kuvifuta Mei 2019, mwezi ule ule Kobabe alipotoa kitabu chake. Kwa hivyo mchoraji wa Umoja au Kisauni mwenye hadithi ya wavulana wawili wanaopendana hawezi kupata hata hiyo marufuku ya kumtangaza. Ili upigwe marufuku lazima kwanza uchapishwe.

Mimi niliacha chuo mwaka wa pili na naishi kwa kuandika chochote kinacholipwa, na nimeona jinsi hadithi za aina hii zinavyokufa hapa. Hakuna barua ya kukataa. Kuna "tutakupigia", halafu kuna kimya, halafu mwandishi anaanza kuandika matangazo ya mikopo ya simu. Hayo ndiyo matangazo pekee ninayoyajua yanayotokana na udhibiti.

Tunapenda ile sentensi kwa sababu inatuondolea kazi. Kama marufuku inasaidia, basi hatuhitaji kufanya lolote. Tukae, tungoje serikali ikasirike, tutweet. Lakini kitabu kinasaidiwa na mtu aliyekinunua kabla hakijawa habari. Kinasaidiwa na mhariri aliyelipa mchoraji kwa kurasa alizochora, hata kama anatumia jina la bandia, na maktaba ya mtaani iliyokiweka rafuni bila kupiga kelele.

Kwa hivyo wakati mwingine jambo likipigwa marufuku, tafadhali usituambie litauza. Tuambie ni kijana gani halikumfikia, na utamfikishia vipi.