Pedi za Breki za Mbele: Tusimwachie Fundi Peke Yake



Katika gereji za Buyenzi, hapa Bujumbura, kuna maneno ambayo mafundi huyasikia kila wiki: "Niwekee tu za bei rahisi." Anayesema hivyo mara nyingi ni baba wa familia, mtu mwenye heshima zake, na huenda mwezi huo huo amenunua redio mpya ya gari na kuvisha viti vitambaa vizuri. Akishasema, anaacha ufunguo na pesa, anakwenda zake kazini, na jioni anarudi kuchukua gari. Kilichofungwa ndani ya magurudumu ya mbele hakijui. Kesho yake anapakia mke na watoto, wanapanda mlima kwenda Gitega kusalimia wazee.

Maoni yetu ni kwamba desturi hii haifai. Pedi za breki za mbele, ambazo wengi hapa kwetu huziita plaketi, ni kitu ambacho mwenye gari anapaswa kukichagua kwa macho yake mwenyewe na kuwepo kinapofungwa. Hatusemi hivi kwa kuwadharau mafundi. Wengi wao ni watu waaminifu wenye mikono mizuri. Lakini fundi aliyeambiwa atafute za bei rahisi amekwishapewa amri, naye ataitekeleza.

Kwa nini za mbele hasa? Gari linapofunga breki, uzito wake huinamia mbele, kama abiria wa basi wanavyosukumwa mbele pindi dereva anapokanyaga ghafla. Hapo magurudumu ya mbele hukandamiza barabara kwa nguvu zaidi, na katika gari dogo la kawaida breki za mbele hufanya kiasi cha asilimia 70 ya kazi yote. Ndiyo maana huisha mapema kuliko za nyuma, na ndiyo maana zikilegea, za nyuma haziwezi kukuokoa.

Sasa tuiangalie barabara yetu. Bujumbura iko ufukweni mwa Ziwa Tanganyika, kwenye mita zisizofika 800 juu ya usawa wa bahari. Bugarama, ambako wasafiri wengi wa Gitega au Kayanza hupita, iko umbali wa kilomita 35 hivi kwa barabara ya taifa namba 1, na iko juu ya mita 2,100. Anayerudi mjini anashuka zaidi ya mita 1,300, kona baada ya kona. Tukichukua gari lenye uzito wa kilo 1,300 pamoja na familia iliyomo, nguvu inayopaswa kumezwa katika mteremko huo ingetosha kuchemsha kiasi cha lita 50 za maji ya bomba. Upepo huchukua sehemu yake, na injini nayo huchukua yake iwapo dereva anaijua kazi yake. Sehemu kubwa ya inayobaki hugeuka joto katika vipande vinne vya pedi visivyozidi upana wa kiganja cha mtoto, na diski mbili zinazobanwa navyo.

Na barabara hiyo si ya magari peke yake. Wapo vijana wa baiskeli, wamefunga mikungu ya ndizi au magunia ya makaa, wanateremka kwa kasi inayotisha hata kutazama. Wengine wanapanda wameng'ang'ania nyuma ya malori. Kandokando kuna akina mama wenye karoti na kabichi zao, na watoto wanaotoka shule. Mwenye gari akisema "ni gari langu na pesa yangu", tunamuuliza: na hao?

Tuje kwenye kuchagua. Dukani utaambiwa majina matatu. Kuna pedi za nyuzi na gundi, ambazo huitwa oganiki: ni laini, hazipigi kelele, hazili diski, lakini zile za hali ya chini hupoteza mshiko zikipata joto kali. Kuna zenye chembe nyingi za chuma: hustahimili joto vizuri, ila huweza kupiga kelele, hutoa vumbi jeusi na huila diski zaidi. Na kuna za seramiki, zenye bei kubwa, tulivu na safi. Muuzaji akiona una pesa atakusukumia seramiki kama kwamba ndiyo mwisho wa maneno. Sisi tunaona si lazima. Gari ambalo halitoki mjini, linalozunguka Buyenzi, Bwiza na Rohero kwenye tambarare, pedi nzuri ya oganiki inalitosha kabisa. Gari linalopanda Bugarama kila wiki lingefaa kupewa pedi yenye chuma kutoka kwa mtengenezaji anayejulikana, na kelele kidogo asubuhi zivumiliwe.

Muhimu kuliko jina ni maandishi yaliyopigwa juu ya pedi yenyewe. Pedi nyingi huwa na herufi mbili pembeni au mgongoni, mwishoni mwa mstari wa namba, kama vile EE, FF, FE au GG. Hicho ni kipimo cha mshiko. E ni mshiko wa 0.25 hadi 0.35, F ni 0.35 hadi 0.45, na G ni 0.45 hadi 0.55. Herufi ya kwanza ni mshiko wa pedi ikiwa katika joto la kawaida, na ya pili ni ikiwa moto sana. Kwa mteremko wetu, tazama ile ya pili. Pedi iliyoandikwa FE inakuambia yenyewe kwamba ikichemka hulegea. FF inatosha gari la familia. Herufi hizi hazisemi pedi itadumu miezi mingapi, wala hazisemi kama gundi yake ni nzuri, kwa hiyo muuzaji asikudanganye kwamba G ni "daraja la juu". Pedi zilizotengenezwa kwa soko la Ulaya huwa pia na alama ya E ndani ya duara na maandishi 90R, maana yake zimepimwa na kuonekana kwamba hazitofautiani sana na zile za kiwandani. Isiyo na herufi, wala namba, wala jina la aliyeitengeneza, irudishe kwenye meza ya muuzaji.

Maboksi hayatoshi kuwa ushahidi. Boksi la jina kubwa huchapishwa popote. Fungua, linganisha jina la kwenye boksi na la kwenye chuma, tazama kama kingo zimekatwa sawasawa, kama pedi imeshikana na bamba lake bila ufa, na kama vipande vyote vinne vinafanana. Anayetia pedi duni ndani ya boksi la wengine na kuliuza kwa bei ya wengine anafanya ghushi, na hukumu ya ghushi katika biashara kila msomaji wetu anaijua. Pedi za mtumba zilizovuliwa kwenye gari bovu tunazikataa moja kwa moja, kwa sababu hakuna anayeweza kukuambia kama ziliwahi kulowa mafuta au kuungua.

Jambo jingine: usiende dukani na jina la gari tu. Magari yetu mengi ni ya Kijapani yaliyotumika, na gari la jina moja na mwaka mmoja linaweza kuwa na breki za ukubwa tofauti. Nenda na pedi ya zamani mkononi, au namba ya chesisi.

Utajuaje kwamba wakati umefika? Pedi mpya ina unene wa milimita 10 hivi, bila kuhesabu bamba la chuma. Ikibaki 3, ibadilishe, usingoje iishe. Pedi nyingi zina kijilimi cha chuma ambacho hugusa diski pedi inapokaribia kuisha, kikatoa mlio mwembamba kama filimbi. Huo ni ukumbusho. Mlio ukigeuka mkwaruzo mzito, chuma kimekutana na chuma, na sasa utanunua diski pia. Kuna na ishara ya kimya: mafuta ya breki kwenye kopo lake yanashuka kidogo kidogo kadiri pedi zinavyolika. Wengi huongeza mafuta na kujipongeza. Wangepaswa kwanza kutazama pedi.

Kazi yenyewe ya kubadilisha haichukui muda mrefu, na kijana yeyote wa sekondari anayeweza kutengeneza baiskeli yake ataielewa akiitazama mara moja. Gari liwe mahali tambarare, mawe nyuma ya magurudumu ya nyuma, breki ya mkono imevutwa. Nati za tairi hulegezwa kabla ya kupiga jeki. Likishanyanyuliwa liwekewe stendi ya chuma, kwani jeki peke yake imewaua mafundi. Katika magari mengi bolti moja ya chini ya kalipa hufunguliwa na kalipa huinuliwa juu kama kifuniko. Ikibidi kutolewa yote, ifungwe kwa waya, isining'inie kwa mpira wake wa mafuta. Pistoni hurudishwa ndani polepole, huku mtu akitazama kopo la mafuta lisifurike, maana mafuta hayo hula rangi ya gari.

Hapa ndipo uwepo wako una maana. Fundi mwenye haraka huchomoa ya zamani, huchomeka mpya, basi. Mwombe atoe pini ambazo kalipa huteleza juu yake, azisafishe na kuzipaka grisi ya breki, si grisi yoyote iliyo karibu. Pini ikikwama, pedi ya upande mmoja hula peke yake na gari huvuta pembeni ukifunga breki. Mwombe apime diski. Unene wa chini kabisa unaoruhusiwa huwa umeandikwa kwenye diski yenyewe. Na mabadiliko yawe pande zote mbili, kulia na kushoto, siku moja. Anayebadilisha upande mmoja ili kubana pesa amejitengenezea gari la kugeuka kando siku ya mvua.

Kuna jambo moja ambalo linatuuma zaidi ya mengine. Tazama kijana anayejifunza kazi gerejini, pengine ana miaka kumi na minne, anavyosafisha breki: anainama na kupuliza vumbi kwa mdomo, au anafungulia upepo wa kompresa, na wingu linamfunika uso. Baadhi ya pedi zimetengenezwa kwa asbesto, na nyuzi zake zikiingia mapafuni husababisha saratani baada ya miaka mingi. Umoja wa Ulaya uliipiga marufuku asbesto mwaka 2005, na Marekani ilitoa kanuni mwezi Machi 2024 ya kukataza aina iliyokuwa bado ikitumika, zikiwemo breki za magari. Huku kwetu, kwa pedi isiyo na jina, hakuna anayeweza kukuhakikishia kilichomo. Dawa yake ni kitambaa kilicholowa maji. Kijana huyo ni mwana wa jirani. Mwambie.

Kabla ya kuondoa gari gerejini, pedeli ikanyagwe mara kadhaa hadi iwe ngumu. Mara ya kwanza itazama hadi chini, na aliyesahau hili hugonga ukuta wa gereji. Kisha pedi mpya zizoeshwe: nenda barabara isiyo na watu, ufikie kilomita 50 kwa saa, upunguze taratibu hadi 10 bila kusimama kabisa, uache zipoe kidogo, urudie mara kumi hivi. Usizipeleke Bugarama siku ya kwanza.

Na siku utakapozipeleka, kumbuka kwamba pedi bora kuliko zote haitamsaidia dereva anayeteremka na mguu juu ya breki tangu kilele hadi ziwani. Shuka kwa gia ile ambayo ungepandia. Gari la otomatiki lina 2 na L, hazikuwekwa pale kwa mapambo. Mafuta ya breki ya daraja la DOT 3 yaliyokwisha kunywa unyevu yanaweza kuchemka kwenye nyuzi joto 140 tu, na yakichemka pedeli huzama kama inakanyaga pamba. Yabadilishwe kila baada ya miaka miwili.

Tunajua hali ya maisha. Spea zinaagizwa kwa fedha za kigeni, na kwa miaka ya karibuni fedha hizo zimekuwa adimu nchini, hivyo bei hupanda kati ya Ijumaa moja na nyingine. Lakini ukifanya hesabu, bei ya diski mbili ni kubwa kuliko bei ya pedi nzuri, na pedi duni hukuletea zote mbili. Kama pesa haitoshi mwezi huu, gari lipumzike, familia ipande basi. Hilo si aibu.

Mwisho, fundi akimaliza, mwambie akupe zile pedi za zamani mkononi. Zipange nne juu ya benchi. Kama ya ndani imekwisha na ya nje bado nene, au za kulia zimelika kuliko za kushoto, kuna kitu kimekwama, na gari bado halijapona. Lirudishwe juu ya jeki kabla hujalipa.