Kicheko si Upuuzi

Wapo wasomi wanaoamini kwamba filamu ya vichekesho, ya watu kuanguka na kukimbizana, ni kitu cha watoto. Kwao kilicho kizito ni kile kinacholiza tu. Hata katika vyuo vya ualimu nimewasikia, nami nawapinga.

Orson Welles, aliyetengeneza Citizen Kane mwaka 1941, hakuwa mtu wa kusifu ovyo. Hata hivyo aliihesabu The General, filamu bubu ya Buster Keaton ya mwaka 1926, kuwa miongoni mwa filamu bora kupita zote. Humo dereva anaibiwa garimoshi lake wakati wa vita vya wenyewe kwa wenyewe vya Marekani, naye analifukuzia. Keaton hacheki hata mara moja. Anaketi juu ya chuma kiungacho magurudumu huku injini ikiondoka. Kosa dogo lingemuua. Injini halisi inatumbukia mtoni kutoka daraja linaloungua. Je, upuuzi hudai hesabu kali kiasi hicho?

Wahakiki wengi wa siku zile waliibeza, wala haikuleta faida kubwa. Mwaka 1928 Keaton akaingia kampuni ya MGM, na huko akapoteza uhuru wa kutunga atakavyo. Hayo ndiyo matunda ya dharau. Filamu hiyo iliwekwa katika orodha ya hazina za taifa mwaka 1989, Keaton akiwa amekwisha kufa.

Basi, mwalimu mwenzangu, ukimwona mwanafunzi anayechekesha darasa, usikimbilie fimbo. Mpime kwanza kipaji chake.