Kufuli la Maskini Nalo Liwe la Chuma

Juma hili twataka kusema habari ya kadi. Si kadi ya chama, wala si kadi ya kupigia kura. Ni kadi ndogo ya plastiki ambayo katika mwaka 2024 watu zaidi ya milioni 41 nchini Marekani waliitegemea kila mwezi kwa kununulia chakula. Wenyewe huiita EBT, na mpango wenyewe wa msaada wa chakula huitwa SNAP.

Najua wapo watakaouliza: mambo ya Marekani yatuhusu nini sisi? Twawajibu kwa maneno mawili. La kwanza, wengi wa ndugu zetu wasemao Kiswahili wamo katika habari hii. Warundi waliokimbia nchi yao mwaka 1972 na kuishi makambini Tanzania, maelfu yao walihamishiwa Marekani tangu 2007. Wakongo waliotoka Nyarugusu, Nakivale na Kakuma wamewafuata, na katika miaka kadhaa ya karibuni Kongo ndiyo iliyotoa wakimbizi wengi kuliko nchi nyingine zote waliopokewa huko. Watu hawa walipofika, kadi hiyo ilikuwa miongoni mwa vitu vya kwanza walivyokabidhiwa. La pili, jambo lenyewe limekwisha kubisha hodi kwetu, kama tutakavyoonyesha. Mwenzako akinyolewa, wewe tia maji.

Yafaa tuanze na asili yake. Mwaka 1939, wakati Wamarekani wengi hawana kazi na huku mazao yakiwaozea wakulima, Serikali yao ilianza kutoa stempu za chakula katika mji wa Rochester, jimbo la New York. Mtu alinunua stempu za rangi ya machungwa, akaongezewa za buluu bure, na zile za buluu zilinunua tu vyakula vilivyokuwa vimezidi sokoni. Mpango huo ukafungwa mwaka 1943. Ukaanza tena kwa majaribio mwaka 1961, na mwaka 1964 ukawa sheria.

Stempu zililisha watu, lakini zilikuwa na aibu yake. Mama alisimama mbele ya mwenye duka akichana karatasi moja moja, na foleni nzima nyuma yake ikimtazama. Kila mtu alijua huyu ni fukara. Ndipo kadi ilipobuniwa. Ilijaribiwa Reading, Pennsylvania, mwaka 1984, na kufikia mwaka 2004 majimbo yote yalikuwa yakiitumia. Kadi yafanana na ya benki. Mtu huipitisha kwenye mashine, hubonyeza namba zake nne za siri, na hujiendea zake na mfuko wake. Sisi twasema hilo lilikuwa jambo jema. Mwenye njaa ana haki ya kula pasipo kutangazwa.

Kisha ukaja mtandao. Sheria ya mwaka 2014 iliamuru majaribio ya kununua chakula kwa kadi hii kwa njia ya intaneti, na majaribio yakaanza New York mwezi wa Aprili 2019 kwa maduka makubwa machache, kama Amazon na Walmart. Mwaka mmoja baadaye ugonjwa wa korona ukafungia watu majumbani, na jambo lililokuwa likitambaa likaanza kukimbia. Leo majimbo yote 50 yanaruhusu. Mtu hufungua programu katika simu yake, huandika namba ya kadi, huchagua unga, mchele, maziwa na mboga, huweka namba ya siri, na chakula huletwa mlangoni au hukifuata mwenyewe dukani. Sheria ya 2018 nayo iliamuru majaribio ya kuiweka kadi yenyewe ndani ya simu, ili mtu aguse mashine kwa simu na kulipa.

Kwa mtu wa Nairobi au wa Mwanza haya si maajabu. Sisi tumelipana kwa simu tangu M-Pesa ilipoanza Kenya mwaka 2007, na muuza mchicha wa Dar es Salaam apokea malipo ya simu pasipo kuitisha mkutano. Lakini tusicheke. Fikirini mzee asiyeweza kutembea, au mama atokaye kazini saa kumi usiku, hana motokaa, na duka la vyakula lililo karibu lipo mwendo wa maili nyingi. Kwa watu hao simu ni miguu. Wale wasemao kwamba maskini hana haja ya kununua kwa simu, kwamba huo ni uvivu na anasa, hao twawakatalia. Tajiri akiletewa chakula nyumbani huitwa mtu mwenye shughuli nyingi. Maskini akiletewa huitwa mvivu. Kwa nini?

Basi hatuna ugomvi na mashine. Ugomvi wetu ni juu ya kufuli.

Kadi za benki za Marekani zilianza kutiwa chipu kwa wingi tangu mwaka 2015. Chipu ni kufuli imara, kwa maana ni vigumu sana mwizi kuitengenezea nakala. Lakini kadi za chakula ziliachwa na ule mstari mweusi wa sumaku wa siku za zamani. Wezi wakaona. Wakabandika vifaa vidogo juu ya mashine za kulipia madukani, vifaa ambavyo jicho la kawaida halivioni. Mama apitisha kadi yake, na kifaa chanakili kila kilichomo pamoja na namba ya siri. Mwizi ajitengenezea kadi nyingine. Hungoja siku ile ya mwezi ambayo fedha za chakula huingia, na usiku wa manane, kabla mama hajaamka, fedha za mwezi mzima zimekwisha kuondoka. Asubuhi mama afika kwenye mashine na mkokoteni uliojaa, na mashine yamwambia: huna kitu.

Sasa sikilizeni jambo lililo baya zaidi. Mwenye akaunti ya benki akiibiwa hivyo, sheria ya Marekani humlinda: akitoa taarifa mapema, hasara yake ina mpaka. Lakini sheria ya mwaka 1996 iliziondoa kadi hizi za msaada katika ulinzi huo. Yaani yule mwenye akiba hulindwa, na yule asiye na akiba huambiwa pole. Bunge la Marekani liliona aibu hiyo mwezi wa Desemba 2022, likaruhusu fedha za Serikali Kuu kurudisha chakula kilichoibwa. Ruhusa ile ilifika mwisho tarehe 20 Desemba 2024. Wizi wenyewe haukufika mwisho tarehe hiyo.

Twauliza kwa sauti: ni nani aliyepanga kwamba fedha za tajiri zifungiwe kwa kufuli la chuma, na chakula cha maskini kifungwe kwa ukambaa? Haiwezi kusemwa kwamba ufundi haupo. Upo. California imekwisha kuanza kutoa kadi za chakula zenye chipu tangu mwaka 2025. Jimbo moja likiweza, mengine yaweza. Kilichokosekana ni nia, maana aibiwaye hana sauti.

Liko na jambo la ada. Kadi hununua chakula tu. Hainunui sabuni, wala dawa, wala kuku aliyeokwa angali moto. Wala hailipi gharama ya kuletewa chakula nyumbani. Gharama hiyo yatakiwa itoke katika fedha nyingine za mtu mwenyewe. Hivyo kipofu na kiwete, ambao mpango wa mtandao ungewafaa kuliko wote, huambiwa: njooni, mlango u wazi, ila lipeni kiingilio. Mlango wa namna hiyo umefunguliwa nusu.

Liko na jambo la maduka madogo. Katika mitaa wanakokaa Wakongo na Wasomali utakuta duka la mwenzao, lenye unga wa muhogo, samaki wakavu, mawese na sombe. Ndugu yetu akinunua hapo kwa kadi yake, fedha hubaki mtaani. Lakini kuingia kwenye mtandao kunataka mitambo na vibali ambavyo duka dogo halivipati kwa urahisi, na ndiyo sababu makampuni makubwa yalitangulia na kushika nafasi. Ikiwa fedha za umma zinazotolewa kwa ajili ya wenye njaa zaishia zote kwa matajiri wawili watatu, basi msaada huo una mkia mrefu, na yafaa tuuone mkia huo waenda wapi.

Tena msidhani kwamba kadi iliyofungwa vizuri yatosha. Mwezi wa Novemba 2025, wanasiasa wa Marekani walipogombana juu ya bajeti na Serikali yao ikafungwa kwa siku 43, mamilioni ya watu walifungua simu zao na kukuta kadi hazikujazwa kwa wakati. Programu ilikuwa nzima. Mashine zilikuwa nzima. Chakula kilijaa madukani. Kilichokosekana ni uamuzi wa wakubwa. Na kabla ya hapo, tarehe 4 Julai 2025, ilitiwa sahihi sheria iliyowaondoa wakimbizi katika mpango huu hadi wapate ukaazi wa kudumu, ambao mkimbizi huweza kuuomba baada ya kukaa huko mwaka mzima. Mtu atoka kambini na mikono mitupu, afika katika nchi ya baridi asiyoijua lugha yake, na katika mwaka wake wa kwanza, ule mgumu kuliko yote, ndipo sahani yaondolewa mbele yake. Sisi twasema kwamba huo si uungwana, hata kama umeandikwa kwa wino mzuri.

Tuje sasa kwetu. Mwezi wa Agosti 2015, Shirika la Mpango wa Chakula Duniani lilianza huko Kakuma, Kenya, mpango ulioitwa Bamba Chakula, na mwaka uliofuata ukafika Dadaab. Mkimbizi alipokea fedha katika laini ya simu, naye alizitumia kwa wafanya biashara waliokubaliwa. Hakuweza kuzitoa taslimu. Mpango huo uliwapa watu uhuru wa kuchagua walio nao kidogo, ukawapa na wachuuzi wa kambini biashara. Baadaye, huko Kalobeyei karibu na Kakuma, watu walianza kupewa fedha za benki ambazo waweza kuzitumia watakapo.

Lakini na huko limetokea la kutokea. Wachunguzi wameandika jinsi msaada ulivyo mdogo hata watu hukopa chakula kabla ya mwezi kwisha, na mwenye duka hushika kadi ya mdeni pamoja na namba yake ya siri kuwa rehani. Fedha zikiingia, mwenye duka ndiye azitoaye. Mwenye kadi hana tena kadi, ana deni. Hawezi kwenda duka la jirani lenye bei nafuu. Ubunifu wote ule, setilaiti na minara na programu, mwisho wake ni mtu kufungwa kwa mchuuzi mmoja kama zamani. Tofauti iliyoko baina ya Kakuma na Marekani ni ndogo: huko mwizi huja usiku, na huku mkopeshaji huja mchana.

Basi twadai nini? Twadai mambo manne, na twayadai kwa kila Serikali na kila shirika litakalompa mtu chakula kwa kadi au kwa simu, liwe la Washington, la Nairobi au la Dodoma.

Kwanza, kufuli la maskini liwe sawasawa na la tajiri. Pili, akiibiwa pasipo kosa lake, arudishiwe, kwa maana aliyeweka kufuli bovu ndiye mwenye kosa. Tatu, maduka madogo yasaidiwe kuingia, na gharama za kuletewa chakula zisiwe ukuta kwa wazee na walemavu. Nne, watu waelezwe kwa lugha waijuayo. Namba ya simu ya msaada inayojibu kwa Kiingereza tu haimsaidii bibi wa Uvira.

Na kwenu ninyi, ndugu zetu mlioko huko, twawapa neno la kidugu. Msimpe mtu namba yenu ya siri, hata akijiita mtu wa Serikali. Ibadilisheni mara kwa mara, hasa karibu na siku ya fedha kuingia. Tikiseni mashine ya dukani kabla ya kupitisha kadi, ikilegea, acheni. Jimbo lenu likiruhusu kufunga kadi kwa simu wakati hamnunui, ifungeni. Na ninyi mliofika karibuni, mwaka ukitimia msichelewe hata siku moja kuomba ukaazi wa kudumu. Mwenye kujua kusoma na amsaidie mwenzake asiyejua. Tulipokuwa kijijini hatukumwacha jirani alale na njaa kwa sababu hajui kuandika jina lake, wala hatutaanza leo kwa sababu hajui kufungua programu.

Mashine ni mtumishi. Twaikaribisha kama tumkaribishavyo mtumishi mwema. Lakini chakula ni haki ya mtu, na haki ya mtu haifungwi kwa ukambaa.