Hesabu ya Punje Kabla ya Posa

Jumapili iliyopita jirani yangu mmoja, kijana mfanyakazi wa kiwandani, alinijia barazani akiwa na uso wa mtu aliyekosa usingizi. Anataka kuoa. Mchumba wake amekwisha kupimwa damu, akaambiwa kwamba anabeba mbegu ya urithi ya selimundu, ule ugonjwa ambao wengi mitaani huuita sikoseli, ingawa yeye mwenyewe haumwi. Kijana naye hajapata kuugua. Lakini mdogo wake wa kike amekuwa akilazwa na kuongezewa damu tangu utotoni.

"Kaka," alisema, "wazee wananiambia mimi ni mzima, nisijitie wasiwasi. Nawe wasemaje?"

Mimi si daktari. Hata hivyo swali lake lilikuwa la kuhesabu, nikaingia jikoni nikachukua punje nne za maharage, mbili nyeupe na mbili nyekundu, pamoja na vikombe viwili.

Kila mtu hurithi mbegu mbili za namna hii, moja kwa baba na moja kwa mama. Mwenye mbili za ugonjwa huugua. Mwenye moja huibeba tu, kwa kawaida bila kuumwa. Mwaka 1954 mtaalamu Anthony Allison, aliyekulia Kenya, alionyesha kwamba kubeba mbegu moja humkinga mtu kwa kiasi fulani na malaria, na ndiyo sababu imeenea sana katika nchi zenye mbu wengi kama yetu. Basi wazazi wa kijana huyu ni wazima, na bado walizaa mtoto mgonjwa. Hapana budi kila mmoja wao anabeba mbegu moja. Nasema kila mmoja, maana aghalabu lawama hutupiwa mama peke yake, eti ndiye mwenye damu mbaya. Pasipo punje nyekundu ya baba, binti yule asingeugua.

Kila kikombe tukakitilia punje moja nyeupe na moja nyekundu, kimoja cha baba, kingine cha mama. Kuzaa mtoto ni kama kuchota punje moja kila kikombe bila kutazama. Njia ni nne, na hakuna iliyo na nguvu kuliko nyingine: nyeupe kwa nyeupe, nyeupe kwa nyekundu, nyekundu kwa nyeupe, nyekundu kwa nyekundu. Hiyo ya mwisho ndiyo ya mgonjwa.

"Basi wewe," nikamwuliza, "una uwezekano gani wa kuwa unabeba?"

"Njia mbili kati ya nne. Nusu."

Hapo ndipo wengi hukosea, nami nilikosea vivyo hivyo siku ya kwanza. Liko jambo tunalolijua tayari: yeye si mgonjwa. Njia ya nne haimhusu tena, tukaifuta. Zimebaki tatu, na mbili kati yake zina punje nyekundu. Uwezekano wake si nusu, ni theluthi mbili. Ule uzima ambao wazee waliushika kuwa ushahidi wa kumtoa shaka, umeipunguza shaka kidogo tu.

Je, watoto wake? Twende taratibu. Yeye ana njia tatu, na kwa kila moja mtoto ana njia nne, jumla 12. Ikiwa kijana habebi, zile nne za kwanza hazina mgonjwa hata mmoja. Ikiwa anabeba, kila kundi la nne lina mgonjwa mmoja, na makundi hayo ni mawili. Hivyo ni njia mbili kati ya 12, yaani moja kati ya sita.

Mama mmoja aliyekuwa akitusikiliza akadakia kwamba wakianza na mtoto mgonjwa, basi watatu watakaofuata wamesalimika. La hasha! Punje hurudishwa kikombeni kila mara, na vikombe havikumbuki kilichochotwa jana. Ikiwa wazazi wote wawili wanabeba, kila uzazi ni moja kati ya nne, uwe wa kwanza au wa saba.

Lakini kijana wetu hana haja ya kuishi na moja kati ya sita. Hiyo ni hesabu ya asiyepimwa. Akipima damu, kwa kipimo kile kinachotenganisha aina za hemoglobini, atajua yuko katika njia ipi. Akikutwa habebi, hatari ya kuzaa mgonjwa na mchumba wake inakwisha, ingawa huenda baadhi ya watoto wakabeba. Akikutwa anabeba, ni moja kati ya nne, na hapo uamuzi ni wao wawili, si wa wazee wala wa mwandishi wa gazeti.

Alisema angekwenda Jumatatu baada ya zamu ya usiku, tena na mchumba wake. Mke wangu alikuja kudai maharage yake. Punje moja nyekundu haikuonekana hadi leo.