Ukimaliza Sikio la Ndama, Mwite na Mbwa

Ndugu zangu wa Karatu, Rhotia na Mang'ola, nanyi mnaochunga huko juu Ngorongoro: hakuna mfugaji kwenu wa kufundishwa kutazama sikio. Kupe wa ndigana kali hujibanza ndani ya sikio la ng'ombe, na layoni mdogo hulikunjua la ndama jioni bila kuambiwa. Ombi langu ni kwamba jicho hilo lisiishie zizini. Mbwa aliyekesha akimbwekea fisi ana masikio, na paka anayelinda magunia ya mahindi pia. Hao tunawakumbuka wakishaanza kunuka.

Akitikisa kichwa kila mara, au akijikuna sikio moja hadi analia, likunjue kwenye mwanga, ulinuse. Sikio zima halina harufu. Hilo liache, halitaki kuoshwa. Paka mwenye uchafu mweusi kama machicha ya kahawa (watu wa Oldeani wanaufahamu mfano huu) huenda ana utitiri, nao huhamia kwa wenzake, kwa hiyo wanyama wote wa nyumba watibiwe pamoja. Usaha, au sikio lililovimba kama andazi kwa damu iliyojaa ndani, ni kazi ya mtaalamu wa mifugo.

Kwa uchafu wa kawaida, chukua pamba na maji yaliyochemshwa yakabaki vuguvugu, nusu lita kwa kijiko cha chai cha chumvi kisichojaa. Futa pale jicho linapofika tu. Njia ya sikio lao hushuka, kisha hukata kona kuelekea kichwani, na ngoma ya sikio iko baada ya kona hiyo. Njiti ya kiberiti haitoi uchafu, inaushindilia. Kupe mbane karibu na ngozi, mvute taratibu bila kumpasua.

Kinachoniuma zaidi ni oili chafu, mafuta ya taa na dawa ya josho kumiminwa masikioni. Nia ni njema, najua. Utotoni nami nilimmiminia mbwa wetu mafuta ya taa, akanikimbia siku nyingi. Kwa paka ni balaa zaidi. Dawa nyingi za kuogeshea ng'ombe zina sumu ambayo ini lake haliwezi kuivunja, naye hujiramba mwili mzima. Wenye maduka ya pembejeo, mteja akitaja paka, msimpimie hiyo.

Siku ya kukagua masikio tayari tunayo, ile ya chanjo. Mwaka 1994 ugonjwa wa distempa uliua karibu theluthi moja ya simba wa Serengeti, na mbwa wa vijijini wakashukiwa kuwa chanzo. Tangu hapo mbwa wa vijiji vingi vinavyopakana na hifadhi wamekuwa wakichanjwa, pamoja na chanjo ya kichaa. Siku ya chanjo watoto huja na mbwa wao kwenye kamba, na mtaalamu yupo. Wenyeviti wa vijiji, ombeni kila mbwa anayechomwa sindano akunjuliwe na masikio. Ni dakika moja tu.

Nyumbani, anza leo kabla ya giza. Mbwa aliyebadilika ghafla, anayetokwa mate na kushindwa kumeza, huenda ana kichaa: usimguse kabisa, toa taarifa. Kwa wengine, mwenye sikio bovu huuma hata anayempenda: mkubwa amfunge mdomo kwa kitambaa laini, na mtoto aliyempa jina akae pembeni akimwita.