Zabuni za Faiba: Tunanunua Mwanga au Nembo?

Ndugu zangu wa nyumbani na wa ughaibuni, tuambiane ukweli. Mimi huku Muscat kazi yangu ni kufunga swichi na faiba, na kila nikisoma zabuni za taasisi zetu nyumbani nachoka. Utakuta sharti: transiva ziwe za kampuni ileile iliyotengeneza swichi. Kwa nini?

Transiva ni kidude cha ukubwa wa kidole, kinageuza umeme kuwa mwanga na mwanga kuwa umeme, basi. Mwaka 2000 watengenezaji wenyewe walikubaliana umbo la SFP ili cha huyu kiingie kwa yule. Kisha baadhi yao wakageuka: swichi inasoma jina lililoandikwa kwenye kumbukumbu ya kidude, ikiona ni la mgeni inakikataa. Mwanga ni uleule jamani!

Kinachopaswa kulingana ni kasi, aina ya faiba na urefu wa wimbi. LX hutumia nanomita 1310 na hufika kilomita 10. SX ni 850, mwisho mita 550. Ziunganishe hizo mbili, hata ziwe na nembo moja, hamtaongea. Hilo sijaliona kwenye zabuni hata moja niliyosoma.

Mtaniambia kuna feki. Zipo, sikatai. Dawa yake ni kupima nguvu ya mwanga siku ya makabidhiano na kudai dhamana, si kumkabidhi muuzaji mmoja hela za walipa kodi. Wakubwa wa manunuzi, andikeni kiwango, acheni kuandika jina la duka. Na anayefaidika na sharti hilo ajitokeze atueleze.